Kompyuta Mpya Ikikataa Mtandao: Tafuteni Kwanza Palipokatika

(Mazungumzo yaliyotolewa na Mkaguzi wa Vyama vya Ushirika mbele ya makatibu wa vyama wanachama)



Nimetakiwa niseme machache juu ya tatizo ambalo makatibu wengi wamelileta katika taarifa zao: chama kimenunua kompyuta mpya, imetolewa katika boksi, imewashwa, inang'aa, lakini haifiki mtandaoni.

Mimi si fundi wa kompyuta. Ni mkaguzi, na kazi yangu ni vitabu. Lakini rejista ya wanachama, kilo zilizopimwa na namba za akaunti za wakulima leo zimo ndani ya mashine hiyo. Taarifa za vyama kwa Tume ya Maendeleo ya Ushirika hupita katika mfumo wa MUVU, na orodha ya malipo huifikia benki kwa njia ya mtandao huo huo. Mashine isipofika mtandaoni siku ya Jumatano, mkulima aliyeleta korosho zake tangu wiki iliyopita hapati fedha zake siku ya Ijumaa, wala hatajali kama kosa ni la waya au la mnara. Atasema chama kimekula fedha zake. Ndiyo maana jambo hili linamhusu mkaguzi.

Nitawasimulia yaliyotokea katika chama kimoja, ambacho sitakitaja. Chama hicho kilinunua kompyuta mpakato. Katibu akahamishia humo rejista yote kutoka mashine kuukuu, na mashine kuukuu ikauzwa kwa idhini ya Bodi. Siku ya nne mtandao ukakatika. Akaitwa kijana mmoja fundi kutoka mjini. Kijana yule hakuuliza swali hata moja. Alisema Windows imeharibika, akafuta kila kilichokuwamo, akapakia upya, akapokea shilingi 60,000. Mtandao haukurudi. Ndipo karani wa mizani, aliyekuwa amekaa pembeni wakati wote huo, alipouliza kama kifurushi cha modemu kimelipiwa. Hakikuwa kimelipiwa. Rejista ya wanachama ikabidi iandikwe upya kutoka katika vishina vya stakabadhi, na nilipofika kukagua nilikuta kazi hiyo ingali inaendelea, katibu na makarani wawili wameinamia meza tangu asubuhi. Vitabu viwili vya stakabadhi havijapatikana.

Sasa tazameni kosa lilikuwa wapi. Halikuwa katika kuita fundi, kwa maana fundi ana haki ya kuitwa na kulipwa. Kosa lilikuwa katika kuanza kutengeneza kabla ya kujua palipokatika.

Ndugu Makatibu, jambo hili mnalifahamu kuliko mimi, ila mnalifahamu kwa jina jingine. Korosho ya mkulima haifiki mnadani kwa kuruka. Hutoka nyumbani kwake, hupita mizani ya chama, huingia ghala la chama, hupakiwa garini, hupokelewa ghala kuu, hutolewa stakabadhi ya ghala, ndipo iuzwe. Mkulima akija kulalamika kwamba magunia yake matatu hayaonekani katika mauzo, je, mnavunja ghala na kujenga jipya? Hamfanyi hivyo. Mnafungua kitabu cha mizani: yalipimwa? Yalipimwa. Mnatazama hati ya gari: yalipakiwa? Yalipakiwa. Mnakwenda hivyo kituo kwa kituo mpaka mpate mahali ambapo nyuma yake magunia yapo na mbele yake hayapo. Hapo ndipo pa kushika.

Mtandao nao una vituo vyake. Cha kwanza ni kompyuta yenyewe. Cha pili ni modemu au ruta, kile kijisanduku chenye taa kinachounganishwa na kompyuta kwa waya au kwa mawimbi ya Wi-Fi. Cha tatu ni mnara wa kampuni ya simu. Baada yake kuna nyaya kubwa za nchi, na za chini ya bahari, hadi kwenye mashine za benki au za Tume. Mtu mwenye busara huanza na kituo kilicho karibu naye, na hagusi cha pili kabla hajaridhika na cha kwanza.

Nianze na siku ile ya kufungua boksi, kwa kuwa hapo ndipo wengi hukwama. Kompyuta nyingi zinazouzwa madukani leo huja na Windows 11. Mashine hii, inapowashwa mara ya kwanza, huuliza nchi, lugha, kisha hudai iunganishwe na mtandao, na katika utaratibu wake wa kawaida haivuki ukurasa huo mpaka ipewe. Yatokea kwamba orodha ya Wi-Fi ni tupu kabisa, ingawa simu zenu zote zinauona mtandao wa ofisi. Msidhani mashine imekufa. Aghalabu maana yake ni kwamba ndani yake hamna ile programu ndogo, mafundi huiita draiva, inayoiwezesha kutumia kifaa chake cha Wi-Fi. Hapo kuna njia mbili zisizo na gharama. Ya kwanza ni waya: unganisheni kompyuta na ruta kwa kebo ya mtandao, kama vyote viwili vina tundu lake. Ya pili ni simu ya mkononi. Chukueni simu yenye kifurushi, iunganisheni na kompyuta kwa ule waya wa kuchajia, kisha katika mipangilio ya simu ruhusuni simu igawe mtandao kwa njia ya waya wa USB. Kompyuta kwa kawaida huichukulia simu hiyo kama waya wa mtandao, nayo huendelea na kazi. Ikishafika mtandaoni, mara nyingi itajitafutia yenyewe draiva iliyokosekana. Nimeona chama kikirudisha kompyuta dukani, safari ya siku mbili, kwa jambo ambalo waya wa simu ungelimaliza kwa robo saa.

Na ikiwa orodha ya Wi-Fi ni tupu katika kompyuta ambayo jana ilikuwa ikiuona mtandao, tazameni kwanza vitufe. Kompyuta mpakato nyingi zina kitufe chenye picha ya ndege. Kikiguswa kwa bahati mbaya, mawimbi yote huzimwa. Ni jambo dogo mno, lakini limekwisha kula nauli za mafundi.

Tuje kwenye modemu. Vile vimodemu vya kubeba mkononi vinavyotumiwa na vyama vyetu vingi vina kikomo cha vyombo vinavyopokea kwa wakati mmoja, na katika vingi kikomo hicho ni kama kumi tu. Hesabuni simu za wafanyakazi, za wajumbe waliokuja kikaoni jana, na za watoto wa jirani waliopewa neno la siri kwa hisani. Kompyuta mpya ya chama inapobisha hodi, nyumba imejaa. Mimi ningependa neno la siri la modemu ya chama lijulikane na watu watatu tu, na libadilishwe kila baada ya msimu. Najua nikisema hivi makarani hununa. Lakini kifurushi hicho kimenunuliwa kwa fedha za wanachama, kama yalivyonunuliwa mafuta ya gari la chama, na hakuna anayeomba mafuta ya gari la chama kwa hisani.

Sasa nawaomba mchukue kalamu, maana hapa pana jambo lenye faida kubwa nalo huchukua dakika mbili. Kompyuta yoyote iliyounganishwa hupewa namba, ambayo ni anwani yake. Ruta au modemu ndiyo inayogawa namba hizo, kama karani anavyogawa namba za wanachama. Mkitaka kuiona, fungueni kile kidirisha cheusi cha kuandikia amri, ambacho hupatikana kwa kuandika cmd mahali pa kutafutia. Andikeni ipconfig, kisha bonyezeni kitufe cha kuingiza. Tafuteni mstari ulioandikwa IPv4.

Ikiwa namba hiyo inaanza na 192.168, au na 10, kwa kawaida kompyuta imepokelewa na ruta. Ikiwa inaanza na 169.254, kompyuta iliomba namba, haikujibiwa, ikajipa namba yake yenyewe. Ni sawa na mtu aliyejiandikia kadi ya uanachama nyumbani kwake: anayo kadi, lakini chama hakimtambui. Mkiiona namba hiyo ya 169.254, acheni kuhangaika na kampuni ya simu wala na benki, kwa kuwa tatizo liko kati ya kompyuta na ruta, humo humo ofisini. Zimeni ruta, ngojeni nusu dakika, iwasheni, mpeni muda taa zake zitulie, kisha iunganisheni kompyuta upya. Ikiwa mnatumia waya, badilisheni waya kwanza. Panya wa maghala yetu mnawajua.

Kuna hali nyingine inayozipata hasa kompyuta ambazo ni mpya kwetu lakini si mpya duniani, yaani zile tulizopewa na ofisi nyingine. Mashine kama hiyo huweza kuja na anwani iliyoandikwa kwa mkono na fundi wa ofisi ile, pamoja na maagizo ya kupitia mashine yao ya kati. Inang'ang'ania kufuata njia ya nyumbani kwake kwa zamani. Dawa yake ni kuingia katika mipangilio ya mtandao na kurudisha ugawaji wa anwani uwe wa kujiendesha wenyewe, na kuifuta ile njia ya kati, ambayo kwenye kioo imeandikwa "Proxy". Hakuna haja ya kufuta chochote kingine.

Kompyuta ikishakuwa na anwani halali, tunakwenda kituo cha mbele. Katika kidirisha kile kile cheusi, chini ya ile anwani, upo mstari ulioandikwa "Default Gateway", nao unaonyesha namba ya ruta. Andikeni ping, acheni nafasi, kisha andikeni namba hiyo. Ruta ikijibu, mtaona mistari inayoanza na "Reply". Basi ruta ni nzima na njia ya kuifikia ni nzima. Kisha andikeni ping 8.8.8.8. Hiyo ni anwani ya mashine za Google zilizo wazi kwa kila mtu duniani. Ruta ikijibu na 8.8.8.8 isijibu, palipokatika ni nje ya ofisi yenu, au kifurushi kimekwisha. Vyote viwili vikijibu, lakini kurasa hazifunguki, andikeni ping google.com. Ikiwa namba inajibu na jina halijibu, mtandao upo, ila kile kitabu cha kugeuza majina kuwa namba ndicho hakisomeki. Hapo katika mipangilio ya mtandao mnaweza kuandika 8.8.8.8 au 1.1.1.1 mahali pa DNS, na mara nyingi mambo hufunguka.

Nimerudia jambo hili polepole kwa sababu katibu anayempigia fundi simu na kusema "ruta inajibu, 8.8.8.8 haijibu" hawezi kudanganywa. Fundi mwema atamshukuru, na fundi tapeli atakata simu.

Juu ya kifurushi sina maneno mengi, ila moja. Kifurushi kikiisha, kompyuta huendelea kuonyesha alama ya Wi-Fi kama kawaida, kwa maana bado imeunganishwa na modemu, na modemu bado iko hai. Na kompyuta mpya ina njaa. Siku zake za kwanza huvuta masahihisho ya Windows ya gigabaiti kadhaa bila kumwuliza mtu, na kifurushi kilichokusudiwa kumaliza mwezi huisha kabla ya chakula cha mchana. Masahihisho ni ya lazima, nayo hulinda mashine. Hata hivyo yafanywe mahali penye mtandao usiopimwa, kwa mfano katika ofisi ya Chama Kikuu, kabla kompyuta haijapelekwa kijijini. Baadaye, katika mipangilio ya Wi-Fi ya ofisi yenu, washeni ile sehemu iliyoandikwa "Metered connection". Kompyuta itajua kwamba mtandao huu unalipiwa kwa kipimo, nayo itapunguza sana uvutaji wake.

Jambo la saa nalo limewasumbua wengi. Kurasa za benki na za serikali hufungwa kwa ufunguo wenye tarehe ya kuanza na tarehe ya kwisha. Kompyuta ambayo tarehe yake iko nyuma kwa miaka miwili huuona ufunguo huo kuwa haujaanza kutumika, nayo hukataa kuufungua ukurasa, ikitoa onyo la kutisha kwamba mahali hapo si salama. Katibu hudhani benki imevamiwa na wezi. Kabla ya kupiga simu benki, tazameni tarehe iliyo pembeni chini ya kioo. Hakikisheni pia kwamba majira yaliyochaguliwa ni ya Nairobi, ambayo ndiyo yetu Watanzania, saa 3 mbele ya yale ya Greenwich. Na mkumbuke kwamba mashine haijui saa za Kiswahili. Katibu mmoja mzee, mtu mwaminifu sana, aliweka saa mbili ya asubuhi kwa kuandika 2:00. Mapokezi yote ya siku ile yakaandikwa kuwa yalifanyika usiku wa manane, na mimi nikaja na maswali makali kwa nini chama kinapima korosho gizani.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo kwangu mimi ndilo kubwa kuliko yote, ingawa si la kiufundi. Laini ya simu iliyomo ndani ya modemu ya chama imesajiliwa kwa jina la nani? Mnafahamu kwamba laini husajiliwa kwa alama za vidole na kitambulisho cha Taifa. Katika vyama vingi nilivyopitia, laini ya chama imesajiliwa kwa jina la katibu, kwa sababu yeye ndiye aliyetumwa dukani siku ile. Akiondoka kwa wema, tutamwomba na atakuja. Akiondoka kwa ugomvi, anaweza kuifunga laini ile au kuihamishia katika simu yake, nayo ni laini ambayo pengine ndiyo inayopokea namba za uthibitisho za benki. Chama kinanunua kompyuta mpya, kinaajiri katibu mpya, na hakuna kinachofunguka. Hapo mtaandika ipconfig na ping mpaka vidole viume. Mstari uliokatika haumo katika waya wala katika mnara. Umo katika karatasi. Bodi ipeleke barua na hati ya usajili wa chama kwenye ofisi ya kampuni ya simu, iulize utaratibu, na laini iwe ya chama. Jambo hili lifanywe wakati katibu na Bodi wanapendana, maana wakigombana itakuwa vigumu.

Pia zipo siku ambazo hakuna la kufanya. Jumapili tarehe 12 Mei 2024 nyaya mbili za chini ya bahari, EASSy na Seacom, zilipata hitilafu kusini kwetu, na mtandao ukadhoofika Tanzania na katika nchi nyingine za Afrika Mashariki na Kusini kwa siku kadhaa. Siku zile walikuwapo watu waliobadilisha modemu, waliofuta programu, na waliokwenda kwa mafundi. Kompyuta zao zilikuwa nzima. Ruta yenu ikijibu na dunia isijibu, mwulizeni katibu wa chama jirani na mtu mwenye laini ya kampuni nyingine kabla ya kugusa kitu. Kama nao wamekwama, funikeni mashine, andikeni mapokezi kwa kalamu katika kitabu, na mwaambie wakulima ukweli mapema. Mkulima aliyeambiwa ukweli siku ya Jumatatu huvumilia kuliko aliyezungushwa hadi Alhamisi.

Juu ya mafundi, ninayo masharti matatu ambayo nitayauliza katika ukaguzi. Fundi asifute kitu kabla nakala ya rejista haijatolewa nje ya mashine na kufunguliwa katika mashine nyingine, ionekane kwamba inasomeka. Asipewe neno la siri la benki kwa sababu yoyote. Kazi yake ni njia, haimhusu kilichobebwa njiani. Na malipo yake yawe na hati inayosema alikuta kosa gani na alifanya nini. Hati iliyoandikwa "matengenezo ya kompyuta" tu nitaihoji.

Kadhalika kila ofisi iwe na daftari moja dogo karibu na mashine. Mtandao unapokatika, andikeni tarehe, saa, namba ya anwani iliyoonekana, nani alijibu na nani hakujibu, na nini kilirudisha kazi. Baada ya msimu mmoja mtaona wenyewe kwamba matatizo si mengi kama mlivyodhani. Ni matatu au manne yanayorudi.

Ndugu Mwenyekiti, kwa ruhusa yako tutasogea kwenye meza ile ya nyuma. Pale pana kompyuta tatu, nami nimeziharibia mtandao makusudi asubuhi hii, kila moja kwa namna yake. Makatibu wagawanyike makundi matatu. Hakuna kundi linaloruhusiwa kutengeneza chochote kabla halijaandika kwenye karatasi palipokatika na limejuaje. Nitapokea karatasi hizo saa sita kamili, kwa saa za Kiswahili.